Mulama na Nyota ya Siku ya Kwanza

Kaka yangu Mulama hakuwa mtu wa ugomvi, lakini alikuwa na swali moja alilomuuliza kila mchungaji aliyeletwa kanisani kwetu Mbotela. Maandiko yanasema jua na mwezi viliwekwa angani siku ya nne ya uumbaji. Sawa. Sasa zile siku tatu za kwanza, Mungu alizihesabu kwa kitu gani?

Wachungaji walimjibu kila mmoja kwa namna yake. Mmoja alisema Mungu hahitaji saa. Mwingine alisema hayo ni mafumbo, na mafumbo tuyaache yalivyo. Mulama aliwasikiliza kwa heshima, akawashukuru, akarudi nyumbani na kumwambia mke wake, "Rispa, huyu naye hajui."

Basi akajitafutia jibu mwenyewe. Alisema ile nuru ya siku ya kwanza, iliyokuja kabla ya jua, ilikuwa nyota moja. Haikuwa kubwa wala haikutoa joto. Kazi yake ilikuwa kuwaka na kufifia, kuwaka na kufifia, bila kuharakisha na bila kuchelewa, kama kifua cha mtoto aliyelala. Ikiwaka ni asubuhi, ikififia ni jioni. Mungu akahesabu siku tatu kwa nyota hiyo, kisha akaumba jua, lakini ile nyota hakuizima. Aliisogeza mbali kidogo tu ili iendelee na kazi yake bila kusumbuliwa.

"Imeandikwa wapi?" watu walimuuliza.

"Haijaandikwa. Hata mama mkwe wa Nuhu hakuandikwa, lakini alikuwapo."

Wasifu wake uliosomwa siku ya mazishi ulitaja alikozaliwa, shule aliyosoma, kiwanda alichofanyia kazi na watoto aliowaacha. Yote yalikuwa kweli. Lakini nyota haikutajwa, na ukimtaja kaka yangu bila ile nyota ni kama umemtaja mtu mwingine. Ndiyo maana mimi Ayuma, mdogo wake, nimeketi kuandika.

Baba yetu alipofariki kule Butere, Mulama alinileta Nairobi nisome sekondari. Nyumba yake ilikuwa chumba kimoja katika zile nyumba za zamani za baraza la jiji mtaani Mbotela, na mimi nililala na binti zake upande wa pili wa pazia. Stima ilipotea mara kwa mara jioni tukiwa tunafanya kazi za shule. Wifi yangu Rispa alikuwa mwepesi wa kutafuta kibiriti, lakini Mulama alimzuia. "Ngoja kwanza, Rispa. Anayetaka kuiona nyota yangu asiwashe kitu."

Watoto wa majirani walijua. Taa zikizimika tu walikuja kujazana mlangoni kwetu. Yonis alikuwamo, mtoto wa Ambaro, jirani yetu Mwislamu aliyeuza mapazia na shuka. Sote tulimwita Mama Yonis. Alijifanya amekuja kumchukua mtoto wake, lakini aliegemea mwimo wa mlango na kusikiliza mpaka mwisho.

"Mungu hakuumba dunia hii tu," Mulama alianza. "Iko nyingine ina majua mawili. Moja likizama lingine linachomoza, na watu wake hawajui usiku ni nini. Iko nyingine inazunguka polepole kama bibi anayepanda ngazi. Mtu anazaliwa asubuhi, anaoa, anazeeka, anazikwa, na saa sita ya mchana bado haijafika. Sasa wa huku akitaka kuonana na wa kule, atamwambia waonane lini? Kesho? Kesho ya nani?"

"Wataangalia nyota!" watoto walipiga kelele.

"Wataangalia nyota. Inaonekana kwao wote, na haimpendelei mtu."

Jioni moja Yonis aliuliza, "Na kama kwao kuna mawingu siku zote?"

Kaka yangu alijikuna kidevu gizani, tukasikia ndevu zikikwaruza. "Hao wa mawingu," akasema baadaye, "hawajawahi kuiona. Lakini zamani alipita kwao msafiri aliyeiona, akawaonyesha mapigo yake kwa mkono. Hivi." Akapiga meza kwa kiganja, taratibu, tena na tena. "Mama akamfundisha mtoto, mtoto akamfundisha mtoto wake. Mpaka leo wanapiga tu, hawaoni chochote. Lakini siku mawingu yakifunguka watainua macho, na watakuta hawajakosea."

Mama Yonis akacheka pale mlangoni. "Mzee, hebu niambie. Hiyo nyota yako iko upande gani? Wa kibla au wa reli?"

"Upande wowote unaotazama, Mama Yonis."

"Aa! Basi hiyo si nyota, hiyo ni askari wa kanjo, wa kutufukuza sisi wachuuzi. Kila ninapotazama yupo."

Ungedhani mtu mwenye nyota ya namna hiyo angefika mapema kila mahali. Wapi! Mulama alichelewa harusi, alichelewa vikao, na alichelewa hata ubatizo wa mtoto wake mwenyewe. Wifi alisimama njiani amevaa viatu vya kukopa, akifoka, "Mtu wa nyota! Watu wamemaliza kula!" Naye alitoka ndani akifunga vifungo bila wasiwasi. "Nyota haina saa nane, Rispa. Ina mapigo tu."

Mimi nilipoolewa nilihamia mtaa wa Kayole, lakini nilirudi Mbotela kila Jumapili kwa ajili ya kanisa. Siku moja baada ya ibada nilimuuliza kwa nini hasa ile nyota, na aliitoa wapi.

"Kiwandani," alisema.

Alikuwa ametoka nyumbani akiwa kijana, akaandikwa kazi katika kiwanda cha blanketi kule Viwandani. Mashine za kufuma zilikuwa nyingi ndani ya jengo moja, na kelele zake ziliwafanya wafanyakazi waongee kwa mikono. "Wiki za kwanza nilidhani nitarukwa na akili," aliniambia. "Kila mashine ilikuwa na mwendo wake. Hakuna iliyomngoja mwenzake. Nikaona nisipopata kitu kimoja cha kushika kichwani nitapotea humo ndani. Nikajiwekea nyota."

"Kwa hiyo hukuiona popote, kaka?"

"Nimekwambia niliiweka. Mtu akisimika nguzo ya nyumba haulizwi aliiona wapi." Kisha akatazama huku na huku. "Lakini usimwambie Mchungaji."

Kanisa letu ni la kanzu nyeupe na mkanda wa buluu, na Jumapili tunaandamana. Tunatoka mtaani kwa bendera, nyimbo na ngoma mpaka mahali pa ibada, na njia nzima tunakanyaga kwa pamoja. Ngoma ya mbele ni kubwa, imewambwa ngozi ya ng'ombe pande zote mbili, na mpigaji huivaa begani kwa mkanda. Hiyo ndiyo iliyokuwa ya Mulama tangu kabla sijaja mjini. Akipiga, kina mama wenye magoti mabaya walitembea kama wasichana. Alikuwa na desturi moja: kabla ya pigo la kwanza aliinua macho juu ya mapaa ya nyumba, akatulia hivyo kidogo, kama mtu anayengoja mwenzake aanze. Kisha mkono ukashuka. Watoto wa kanisa waligeuka kila Jumapili kutazama alikokuwa akitazama.

Kiwanda kilimpa mshahara wa kusomesha watoto wake, nami pia, lakini kilichukua masikio yake. Kiliyachukua polepole, hata baada ya yeye kustaafu, kama maji yanavyokula ukingo. Wa kwanza kugundua alikuwa Mama Yonis. Alikuja kwa wifi amenuna.

"Rispa, mzee nimemkosea nini? Namsalimia ananipita kama nguzo ya stima."

"Hujamkosea," wifi akajibu. "Jana nimemwambia chakula kiko tayari, akaniitikia Amina."

Walicheka wote wawili, kisha wakaacha kucheka.

Kanisani aliificha hali yake kwa ujanja. Alitazama midomo ya mwimbaji na miguu ya watu. Akisemeshwa alitabasamu na kuitikia kwa kichwa, na kwa kuwa siku zote alikuwa mtu wa kutabasamu, hakuna aliyeshuku. Mpaka Jumapili moja mwimbaji alipokata wimbo wa polepole katikati na kuanzisha mwingine wa haraka. Macho ya Mulama yalikuwa juu, mahali pake pa siku zote. Akaendelea na mwendo wa zamani. Waimbaji walijikwaa, makofi yakavurugika, vijana wakaficha vicheko ndani ya mikono ya kanzu. Mtoto mmoja akasema kwa sauti, "Babu ameharibu wimbo!"

Mulama hakulisikia neno hilo, lakini aliziona nyuso. Alikiweka kile kijiti cha ngoma chini, taratibu, kama mtu anayeweka yai.

Wiki hiyo Mchungaji Nabiswa alikuja nyumbani. Ni mtu mpole, na nilimwonea huruma, kwa sababu habari aliyokuja nayo ilitaka kusemwa kwa kunong'ona, na yeye alilazimika kupiga kelele.

"Ndugu Mulama! Tunakushukuru kwa utumishi wako!"

"Amina."

"Wazee wameonelea upumzike!"

"Nani amepumzika?"

"Wewe! Upumzike!"

"Mchungaji," Mama Yonis akaita kutoka upande wa pili wa ukuta, "hata sisi huku tumeshapumzika!"

Mchungaji alivuta kiti karibu, akamwekea kaka yangu mkono kwenye goti na kusema polepole, midomo ikionekana vizuri. "Ngoma ya mbele ndiyo masikio ya maandamano. Inamsikia mwimbaji, inasikia honi, inasikia lori. Siwezi kuwapeleka watoto barabarani nyuma ya mtu asiyesikia lori."

Mulama aliyasoma maneno hayo yote. Akasema, "Hapo umesema kweli."

Siku ya ukumbusho wa kanisa ilikuwa inakaribia. Siku hiyo tawi la Mbotela na tawi la Kayole huandamana pamoja kwa Barabara ya Jogoo, msururu mrefu ambao walio nyuma hawawaoni walio mbele. Kwa hiyo huwa kuna ngoma mbili. Ya mbele inatoa mwendo, ya mkia inaufuata kwa kusikiliza. Wazee walikuwa wamemteua Kweyu wa Kayole kupiga mbele. Mulama angeshika bendera pamoja nao.

"Nipeni mkia," Mulama akasema.

Mchungaji akatikisa kichwa. "Mkia unafuata kwa masikio, ndugu yangu."

"Wangu hautafuata kwa masikio."

"Kwa kitu gani basi?"

Kaka yangu aliinua tu macho kwenye mabati ya paa. Wifi akajifunika uso kwa leso, maana alilijua jibu.

Mchungaji pia alilijua. "Mulama, nitakubali mara hii moja. Lakini mkia ukitupotea barabarani, ngoma unaniletea siku ile ile, na jambo hili hatutalizungumza tena." Wakapeana mikono.

Mgeni alipoondoka, Mulama alikaa na ngoma mapajani, kiganja juu ya ngozi. Sikuwa nimewahi kumwona akiogopa kitu, si njaa wala ugonjwa wala kufutwa kazi. Siku hiyo niliuona woga. "Ayuma," aliniambia, "sauti zote zimeondoka. Ya Rispa, ya wajukuu, yako. Hii peke yake naisikia bado, kwa sababu naisikia kwa tumbo. Wakiichukua, nitabaki humu ndani kama mtu aliyefungiwa stoo."

Kesho yake alikuja Kayole kwangu, akaniomba nimpeleke kwa Kweyu.

Kweyu ni fundi wa kuchomelea milango na madirisha, mwanamume mwenye familia yake, na kibanda chake hakiko mbali na kwangu. Anapiga ngoma kama anavyoongea, haraka na kwa furaha. Alipotuona alivua miwani yake ya kazi.

"Niaje mzee! Sasa Mama! Leo nimepata wageni wakubwa."

Mulama alimweleza habari ya nyota, yote, kuanzia siku ya kwanza. Kweyu alisikiliza akikuna shingo. Kisha akanigeukia. "Mama, huyu mzee yuko serious?"

"Yuko."

"Sawa. Mzee!" akapaza sauti. "Hiyo nyota ikipiga, mimi nitaisikia na nini?"

"Huisikii. Unaitazama."

"Nikitazama naona mabati tu!"

"Basi wewe ni wa mawingu. Kaa hapa nikuonyeshe."

Alichukua kipande cha mti, akapiga bomba la chuma lililolala pale chini. Polepole, sawasawa. Kweyu akapiga lake. Walipokaa pamoja walielewana. Kisha Mulama akamwambia azunguke nyuma ya jengo huku akiendelea kupiga, arudi kwa upande wa pili. Alipotokeza, mapigo yao yalikuwa yamegongana kama watu wawili mlangoni. Kweyu alikuwa ameharakisha.

"Unapiga kama mtu aliyeacha sufuria jikoni," Mulama akasema. "Tena."

Walirudia tena na tena. Wateja walikuja, wakasimama kutazama. Muuza mahindi wa kando ya barabara akataka kujua kama ni mkutano wa injili au ni kazi ya mafundi wa jua kali. Kweyu aliendelea kupotea nyuma ya lile jengo, na kila aliporudi alikuwa amekasirika zaidi.

"Mzee, tatizo ni hizi gari! Nikifika nyuma sikusikii tena!"

Nilimrudia Mulama maneno hayo karibu na uso wake. Akacheka sana, kicheko chake cha zamani.

"Mwambie mimi simsikii hata akiwa hapa mbele yangu! Kweyu, mwanangu, acha kunisikiliza. Ukinisikiliza mimi utapotea mimi nikipotea. Wewe tazama ile, nami nitazame ile. Tutakutana hapo."

Alirudi Kayole kila jioni ya wiki hizo, kabla jua halijazama. Mimi niliwapelekea chai. Siku moja nikiwa nasuuza vikombe, Kweyu alitokeza nyuma ya jengo akiwa kimya, uso umetulia, macho juu kidogo ya mapaa, na bomba lake likalia pamoja na la kaka yangu. Alizunguka tena, akihofia labda ni bahati. Haikuwa bahati, ingawa si kila mara alifaulu. Siku nyingine alipotea tena. Nilipanga maombi ya kufunga kwa ajili yao, na sikuwaambia.

Siku ya ukumbusho ilifika na jua kali. Tulipanga mistari Mbotela, kanzu zimepigwa pasi, bendera zimefunguliwa. Kweyu alikuwa mbele na ile ngoma kubwa. Mulama alikuwa nyuma kabisa, na ngoma ndogo ya mkia kifuani, nasi kina mama tulimzunguka. Nilimwona Mchungaji akigeuka kumtazama mara mbili.

Mulama aliinua macho. Mkono ukashuka.

Mwanzoni mambo yalikwenda vizuri, kwa sababu yeye aliiona miguu ya walio mbele yake. Lakini tulipofika kwenye raundabauti, askari wa trafiki aliwapitisha wenzetu nusu, kisha akainua mkono mbele yetu na kuyaita malori. Yalianza kupita, moja likimsukuma mwenzake, yote yakipiga honi. Mbele yetu kukawa na ukuta wa vumbi na magurudumu. Bendera za wenzetu zilizunguka kona zikapotea. Ngoma ya Kweyu ikamezwa na kelele. Hata wimbo wetu ulikatika, maana kila mmoja alikuwa akisikiliza mbele na hakupata kitu.

Iliyobaki ni ngoma ya kaka yangu peke yake.

Askari alipotufungulia, kina mama walianza kukimbia. "Kaka Mulama, harakisha! Wametuacha!" Mulama akawaitikia kwa kichwa na kutabasamu, akidhani wanamsifu, akaendelea na mwendo wake ule ule. Nilitaka kumshika mkono. Wifi akanishika mimi. "Mwache," alisema.

Basi tukatembea kwa mwendo wake, hatua kwa hatua, na mimi niliomba njia nzima. Bwana, yeye hasikii. Sikia wewe kwa niaba yake.

Tulizunguka kona. Wenzetu walikuwa wamesimama kutungoja, wakikanyaga pale pale walipo, na kanzu zilikuwa zikipanda na kushuka. Nilitega masikio niisikie ngoma ya Kweyu ili nijue tumekosea kiasi gani. Nikasikia ngoma moja tu, ya kwetu. Nilidhani Kweyu amechoka kutungoja, ameacha kupiga. Tukasogea. Ndipo nikaona mkono wake, juu ya vichwa vya watu, ukipanda na kushuka, ukipanda na kushuka. Hakuwa ameacha. Zilikuwa ngoma mbili, nami nilikuwa nasikia moja.

Wifi alipiga kigelegele nikadhani malori yatasimama. Mulama aliniona nikilia, akashtuka.

"Tumewapoteza?"

"Hatujawapoteza, kaka!" nilimpigia kelele sikioni, bure tu. "Tuko pamoja!"

Hakusikia. Lakini aliitazama miguu ya wale wa mbele, na miguu yetu, na mikono yake haikubadilika hata kidogo.

Baada ya ibada Mchungaji Nabiswa alimwendea na kumkumbatia mbele ya watu wote. Alimwambia kwa midomo iliyo wazi kwamba Jumapili inayofuata arudi mbele.

"Hapana, Mchungaji," Mulama akajibu. "Ulisema kweli. Mbele panataka masikio. Kweyu anayo, ingawa hayatumii vizuri."

"Mzee, unanichapa mbele ya kanisa?" Kweyu akalalamika.

"Mimi niachieni mkia. Nikifa nao nitashukuru."

Ngoma hakunyang'anywa. Alipiga mkia kila Jumapili tangu siku hiyo. Mbotela na Kayole zikazoea kuanza kwa namna moja, macho juu, kimya kidogo, kisha pigo. Wageni waliotutembelea walidhani tunaomba, na labda tulikuwa tukiomba kweli.

Alitutoka wakati wa masika mwaka huu. Kifua kilianza na kikohozi cha kawaida, hakikupona. Siku ya mwisho hospitalini nilikaa naye, na kwa kuwa hakuna neno ambalo lingemfikia, nilipiga taratibu mgongoni mwa mkono wake kwa vidole vyangu. Alifumba macho. Baadaye kidole chake kimoja kikanijibu, kwa muda, kisha kikapumzika. Bwana ametoa na Bwana ametwaa.

Tuliusindikiza mwili kwa maandamano kutoka Mbotela, kuelekea mahali basi la kwenda Butere lilipokuwa likingoja. Kweyu alikuwa mbele na ngoma kubwa. Wifi alitaka ngoma ya mkia iwekwe juu ya jeneza, ndani ya gari, na hakuna aliyembishia. Kwa hiyo sisi wa nyuma tulitembea bila ngoma. Manyunyu yalikuwa yakianguka, na mawingu yalikuwa yameshuka mpaka juu ya nyaya za stima. Mama Yonis alikuwa pamoja nasi, amemshikia wifi mwavuli.

Kwenye ile ile raundabauti, tukakatwa. Gari la mwili lilipita na wa mbele wakapita nalo, malori yakaanza. Tulisimama. Hakuna aliyeimba. Hatukusikia kitu ila injini na maji chini ya magurudumu. Wifi aliangalia pale gari lilipopotea, akajifunika uso kwa leso.

Mama Yonis akainama karibu naye. "Rispa," akasema, "ile nyota ya mzee. Iko upande gani?"

Wifi alimtazama kama hakumwelewa. Kisha aliinua uso kwenye yale mawingu, mvua ikamwangukia, akakaa hivyo kidogo. Mguu wake ukapanda, ukashuka. Ukapanda tena. Nikaanza nami. Mama Yonis, ambaye hajawahi kuandamana na kanisa lolote maishani mwake, akauchukua mwendo huo kama aliufahamu tangu zamani, na bila shaka aliufahamu, maana jioni ngapi alikuwa mlangoni kwetu. Kina mama wote wakaingia. Tulikanyaga pale pale kwenye lami yenye maji, bila ngoma na bila wimbo. Nikaomba Bwana aliyezihesabu siku tatu bila jua atuhesabie na hizi zetu bila Mulama.

Askari akatufungulia njia. Hakuna aliyekimbia.

Tulipozunguka kona niliisikia ngoma ya Kweyu, lakini sikuinua macho. Niliangalia miguu yetu. Kweyu alijua nyuma hakuna ngoma, akageuza kichwa kututazama. Alitutazama kwa muda mrefu, mvua ikimtiririka usoni, na mkono wake haukuwa na haja ya kubadilisha chochote.